Klachi Isiyoachia Visu Isiingie Shambani



Ndani ya wiki mbili nimepigiwa simu tatu kuhusu pawatila. Wa kwanza aliniuliza, "Bwana shamba, injini inanguruma vizuri, lakini visu vikigusa udongo vinasimama. Ninunue klachi?" Wa pili alikuwa na tatizo hilohilo, ila yeye fundi alishamwambia atafute klachi nzima na alikuwa anaulizia bei. Wa tatu alilitaja lake kama jambo dogo tu, mwisho wa maongezi: "Halafu klachi yangu inang'ang'ania kidogo. Nikiivuta, visu vinaendelea kuzunguka. Lakini kazi inakwenda."

Wawili wa kwanza niliwajibu kwa simu. Wa tatu nilipanda pikipiki nikamfuata siku hiyohiyo.

Maoni yangu nayasema mwanzoni ili asiyekuwa na muda ayapate. Pawatila ambayo klachi yake haiachii visu haina ruhusa ya kuingia shambani hata kwa nusu ekari, hata mvua ikiwa inakuja. Na dereva anayeisimamisha kwa sababu hiyo asikatwe hela yake. Najua wengi hawatakubaliana nami, hasa hapo kwenye hela. Naomba mnisikilize kwanza.

Kosa langu mwenyewe

Kwetu Ring'wani bado plau ya ng'ombe ndiyo inayolima mashamba mengi. Pawatila ni chache, na zilizopo huwa ni za mtu mmoja anayekodisha kwa wengine, au za kikundi. Zilianza kuonekana zaidi vijijini baada ya Kilimo Kwanza ya mwaka 2009, pale halmashauri nyingi nchini ziliponunua mashine hizi kwa ajili ya vikundi vya wakulima. Kwa maoni yangu, mashine zilikuja haraka kuliko mafunzo. Mtu alionyeshwa jinsi ya kuwasha na kulima. Jinsi ya kusimamisha hakuionyeshwa vya kutosha, na mimi nimo kati ya walioonyesha.

Msimu mmoja wa masika nilikuwa kwenye shamba ambako kijana mmoja alikuwa analima kwa kulipwa kwa ekari. Wiki iliyotangulia mashine ile ilikuwa inateleza: injini inapiga kelele, visu havina nguvu. Fundi mmoja akaja, akafungua nati ya fimbo ya klachi, akalegeza, akasema tayari. Kweli, iliacha kuteleza kwa siku mbili tatu. Siku niliyofika, kijana akaniambia, "Bwana shamba, nikivuta klachi haiachii vizuri." Nilitazama mawingu, nikatazama kipande kilichobaki, nikamwambia, "Mura, malizia hicho, tutaiangalia jioni."

Alipofika mwisho wa tuta akavuta klachi ili ageuze. Mashine haikusimama. Akajaribu kuiinua kwa mikono huku anarudi hatua moja nyuma, akajikwaa kwenye bonge la udongo, na mguu ukaenda mbele. Kisu kilishika buti la mpira. Bahati yake buti lilikuwa kubwa, likachomoka. Hata hivyo alishonwa unyayo, na msimu ule hakulima tena, si pawatila wala shamba la mama yake.

Yeye hajawahi kunilaumu. Mimi najua ni nani aliyesema "malizia hicho".

Nguvu inavyofika kwenye visu

Ili tuelewane, tufuate njia ya nguvu. Pawatila nyingi za dizeli tulizonazo huku zina injini ya silinda moja iliyolala mbele. Pembeni ya injini kuna puli. Kutoka kwenye puli hiyo mikanda, mara nyingi mitatu, inakwenda kwenye puli ya pili. Ndani ya puli hiyo ya pili ndimo ilimo klachi. Ni pleti zilizopangwa pamoja na kubanwa na springi. Zikibanwa, nguvu inapita kwenda kwenye giaboksi, na kutoka hapo inakwenda kwenye matairi na, ukiingiza gia ya visu, kwenye visu vya nyuma. Zikiachiwa, puli inazunguka peke yake na giaboksi inasimama.

Mkono wa klachi kwenye mpini ndio unaobana na kuachia. Kwa kawaida una hatua tatu: kushika, kuachia, na ukivuta zaidi, breki. Kati ya mkono na klachi kuna fimbo yenye nati ya kurekebisha urefu.

Angalia jambo hili, kwa kuwa maneno yangu yote ya leo yamesimama juu yake. Klachi moja inahudumia matairi na visu. Ikikataa kuachia, mashine inaendelea kwenda na visu vinaendelea kuzunguka, na wewe uko nyuma ya visu, kwa miguu.

Wenye mashine za kukata nyasi za kupanda, zile unazoziona kwenye viwanja na kwenye bustani za hoteli, wana klachi ya visu peke yake. Nyingi kati ya hizo zina swichi chini ya kiti: dereva akinyanyuka huku visu vinazunguka, mashine inajizima. Na kwa mashine ya nyasi ya kusukuma kwa mikono, huko Marekani tangu mwaka 1982 kuna kanuni kwamba mtu akiachia mpini, kisu kiwe kimesimama ndani ya sekunde 3. Hizo ni mashine za kukata nyasi laini. Sisi tunatembea nyuma ya visu vya kuchimba ardhi, na mashine nyingi tunazotumia hazina swichi kama hiyo. Kinachosimamisha visu ni mkono wa dereva na klachi inayomtii.

Ikiteleza, pima kabla ya kununua

Nianze na tatizo la simu mbili za kwanza, kwa sababu tatizo la tatu mara nyingi huzaliwa humo.

Mashine ikikosa nguvu huku injini inazunguka vizuri, watu husema "klachi imekufa". Mara nyingi nilizoangalia, klachi ilikuwa hai. Mikanda ndiyo iliyokuwa inateleza.

Namna ya kuwatofautisha ni hii, na inahitaji watu wawili. Weka gia ya visu iwe huru kabisa, visu visizunguke. Sogeza pua ya mashine iguse kingo ya udongo au shina la mti mkubwa. Washa injini kwa mwendo mdogo, ingiza gia ya matairi, kisha dereva ashikishe klachi taratibu. Mtu wa pili asimame pembeni, hatua tatu au zaidi, asishike kitu, atazame puli mbili tu. Sekunde mbili tatu zinatosha, halafu achia.

- Injini ikizimika, au matairi yakizunguka kwa nguvu na kuchimba udongo, basi mikanda na klachi vyote vinashika. Tafuta tatizo kwingine: labda unalima kwa kina kikubwa mno, au injini yenyewe imechoka.
- Puli ya injini ikizunguka huku puli ya klachi inasuasua au imesimama, mikanda inateleza.
- Puli zote mbili zikizunguka vizuri lakini matairi hayasukumi, hapo klachi inateleza.

Kama ni mikanda, zima injini kwanza. Bonyeza mkanda katikati kwa kidole gumba. Ukishuka sentimita 2 hadi 3 uko sawa. Ukishuka zaidi umelegea. Kama mashine yako ina kitabu, fuata kipimo cha kitabu. Kukaza, unalegeza bolti zinazoshika injini kwenye fremu, unaisogeza injini mbele kidogo, unahakikisha puli mbili zimenyooka kwa kuvuta kamba kutoka moja hadi nyingine, kisha unakaza bolti. Mkanda uliolowa oili hauponi kwa kukazwa. Tafuta oili inatoka wapi, ziba, kisha badilisha mkanda. Mkanda uliolala chini kabisa kwenye mfereji wa puli umeisha. Na ukibadilisha, badilisha yote mitatu kwa pamoja. Ukichanganya mpya na wa zamani, mpya unabeba mzigo peke yake na kufa mapema. Mikanda mipya hulegea kidogo baada ya saa chache za kazi, kwa hiyo ikague tena siku ya pili.

Kama ni klachi yenyewe, bado usikimbilie dukani. Shika mkono wa klachi uuvute polepole. Mwanzoni kabisa panatakiwa kuwe na nafasi ndogo ambapo mkono unakwenda bila uzito, halafu ndipo unaanza kuhisi springi. Nafasi hiyo isipokuwepo, pleti hazibanwi kikamilifu; zitateleza na kuungua. Hapo ndipo unairefusha fimbo kidogo, nati nusu mzunguko, unajaribu tena. Nafasi ikiwepo na bado inateleza, basi huenda pleti zimelowa oili kutokana na sili ya giaboksi inayovuja, au zimeisha, au springi zimechoka. Zilizolowa husafishwa kwa petroli mbali na moto na kukaushwa kabisa, na sili inabadilishwa. Ukisafisha pleti ukaacha sili mbovu, wiki ijayo utarudi hapohapo.

Sasa mnaona kosa la yule fundi. Mikanda ilikuwa imelegea, yeye akarekebisha fimbo. Aliilegeza kupita kiasi, na klachi iliyokuwa haina kosa lolote ikapoteza uwezo wa kuachia. Ule ugonjwa wa kwanza ulikuwa unapoteza muda na dizeli. Dawa yake ndiyo iliyotaka kuchukua mguu wa mtu. Ndiyo maana nasema kupima kabla ya kurekebisha si suala la kuokoa hela tu.

Jaribio la kila asubuhi

Hili ni la dakika mbili na halihitaji spana. Mwenye mashine alidai kabla mashine haijatoka nyumbani.

1. Injini ikiwa imezimwa na visu viko huru, ingiza gia kubwa kuliko zote. Vuta mkono wa klachi mpaka hatua ya kuachia, usifike kwenye breki. Sukuma mashine mbele. Inatakiwa iende, na mikanda isitembee. Mikanda ikitembea pamoja na matairi, klachi haiachii.
2. Rudisha mkono kwenye kushika, sukuma tena. Sasa inatakiwa ikatae, au mikanda itembee na usikie mgandamizo wa injini.
3. Ukifaulu hayo, washa injini mahali tambarare pasipo mtu mbele wala nyuma. Visu bado viko huru. Ingiza gia ndogo, shikisha klachi, mashine itembee hatua chache, kisha vuta klachi. Isimame yenyewe bila wewe kuivuta wala kufika kwenye breki.

Klachi ni ileile ya visu. Matairi yakitii, visu vitatii. Matairi yasipotii, usiingize visu kabisa.

Ikifeli, sababu huwa ni chache. Ya kwanza ni fimbo iliyolegea mno: ile nafasi ya mwanzo ni kubwa, na mkono unaishia kabla pleti hazijaachana. Kaza nati nusu mzunguko kwa wakati, ukirudia jaribio, na usiimalize ile nafasi yote la sivyo utarudi kwenye kuteleza. Ya pili ni kutu. Mashine iliyolala tangu msimu uliopita bila kuguswa, hasa iliyooshwa kwa maji mengi ikaachwa, pleti zake hugandana. Injini ikiwa imezimwa, mkono kwenye kuachia, gia kubwa ndani, itikiseni mbele na nyuma watu wawili. Mara nyingine zinaachana. Zikikataa, klachi ifunguliwe, pleti zisuguliwe kwa msasa mwepesi, zifutwe ziwe kavu. Usitie grisi wala oili kwenye pleti, hata kidogo. Sababu ya tatu ni beringi au ukucha wa kuachilia uliokatika au kulika, au pleti zilizopinda kwa joto. Hizo ni kazi za fundi, na hapo ndipo vipuri vinunuliwe.

Kuzuia ni rahisi kuliko kutibu. Msimu ukiisha, iweke mashine penye kivuli na pakavu, na uache mkono wa klachi kwenye hatua ya kuachia, si kushika. Pleti zilizoachana hazigandani kirahisi.

Sheria mbili za shambani

Hizi hazina mjadala, hata kwa klachi nzima. Usirudi kinyumenyume visu vikiwa vinazunguka. Toa gia ya visu kwanza. Na usitoe nyasi, kamba au matope yaliyonasa kwenye visu mpaka injini izimwe kabisa. Kuachia klachi peke yake hakutoshi. Kwenye udongo mweusi wa mbugani visu hunasa kila baada ya mizunguko michache, na dereva huchoka kuzima na kuwasha kwa krenki. Namwelewa. Bado azime.

Makubaliano yetu yanaua klachi

Hapa ndipo maoni yangu yanapowagusa wenye mashine, na wengine ni marafiki zangu.

Dereva wengi wa pawatila hulipwa kwa ekari. Asipolima, halipwi. Mashine ikiharibika, mwenye mashine anamuuliza, "Umeifanya nini?" Sasa jiweke kwenye nafasi ya kijana huyo. Asubuhi anajaribu klachi, anaona haiachii vizuri. Akisema, siku hiyo hana hela na huenda akaambiwa yeye ndiye aliyeiharibu. Akinyamaza, analima ekari mbili, anapokea hela yake, na jioni anairudisha kimya. Atanyamaza. Hata mimi ningenyamaza. Mkataba wetu ndio unaomfundisha kuficha.

Tena mkataba huohuo ndio unaoichoma klachi. Anayekimbiza ekari hataki kupunguza kina wala kushuka gia kwenye udongo mgumu. Anaishikilia klachi nusu, inasota, pleti zinaungua, halafu tunasema mashine za siku hizi hazina ubora.

Tufanye hesabu ya mfano, kisha wewe weka bei za kwako. Tuseme unatoza shilingi 50,000 kwa ekari na mashine inalima ekari 2 kwa siku. Dereva akiisimamisha nusu siku kurekebisha fimbo au mikanda, umepoteza shilingi 50,000. Asiposimamisha, pleti zikaungua, ukasubiri vipuri siku 4, umepoteza ekari 8, yaani shilingi 400,000, kabla hujanunua pleti na kumlipa fundi. Hapo sijahesabu mguu wa mtu, na sijui wa kwenu mngeuhesabu shilingi ngapi.

Kwa hiyo napendekeza mambo matatu kwenye makubaliano, hata kama ni ya mdomo mbele ya shahidi:

- Dereva alipwe posho ndogo ya siku anapofika kazini, na juu yake alipwe kwa ekari. Siku mashine ikisimama kwa ubovu, posho yake ipo.
- Dereva anayetoa taarifa ya ubovu kabla ya kuanza kazi asidaiwe gharama ya ubovu huo. Anayeficha, huyo mzungumze naye.
- Mwenye shamba naye asiwe na amri ya kumwambia dereva "malizia". Wala bwana shamba asiwe nayo.

Nimeambiwa na mzee mmoja kwamba hivi vitawafanya vijana wawe wavivu, kila siku watasema klachi mbovu. Nikamjibu, "Tata, jaribio la asubuhi linafanyika mbele yako. Ukisukuma mashine na mikanda ikatembea, umeona mwenyewe kwa macho." Kijana mvivu hawezi kuidanganya mikanda. Mzee alicheka, lakini hakukubali moja kwa moja. Tunaendelea kuzungumza.

Wengine watasema mvua haisubiri. Ni kweli, na mahindi yaliyochelewa kupandwa nimeyaona mengi. Lakini ng'ombe wa plau wapo kwa jirani. Shamba lililobaki nusu linaweza kumaliziwa kwa plau hata kama utalipa zaidi kidogo. Hilo ni jambo la kupanga kabla ya msimu: ongea mapema na mwenye ng'ombe, mkubaliane kwamba mashine yako ikisimama atakusaidia, na wewe utambebea magunia kwa tela lako wakati wa mavuno. Zamani tulilimiana hivyohivyo.

Kwa wauza vipuri wetu

Ninyi mnaweza kusaidia kuliko mnavyofikiri. Mteja akija na neno "klachi", muulize maswali mawili: umejaribu mikanda? Inateleza au haiachii? Ukimuuzia klachi asiyoihitaji, utapata hela mara moja, na atasema kijiji kizima kwamba kipuri chako ni feki kwa sababu tatizo halikwisha.

Nawashauri muweke akiba ya vitu vinavyoisha mara kwa mara: mikanda kwa seti ya mitatu, sili za oili, beringi ya kuachilia, nati na pini za fimbo. Mkanda una herufi na namba iliyochapwa mgongoni. Iandike kwenye daftari pamoja na jina la mashine ya mteja, ili msimu ujao apige simu tu badala ya kusafiri hadi Mugumu au Tarime na mkanda mbovu mfukoni. Pleti za klachi zinunuliwe kwa sampuli ya ile ya zamani mkononi: hesabu meno, pima upana, linganisha unene.

Na mafundi wetu wengi wamejifunzia kwenye pikipiki. Wana akili nzuri na mikono mizuri, ila pawatila si pikipiki. Kikundi chenye mashine kikimchangia fundi mmoja kijana nauli na ada ya kozi fupi ya ufundi VETA, kwa maoni yangu kitarudishiwa hela yake ndani ya misimu michache.

Yule wa simu ya tatu

Nilipofika kwake mashine ilikuwa shambani, visu vimejaa nyasi, na mtoto wake wa kama miaka kumi na tatu alikuwa anavitoa kwa mkono huku injini inazunguka. Baba ameshika mkono wa klachi. Ile klachi aliyoniambia inang'ang'ania kidogo.

Sikupiga kelele. Nilimwomba tu azime. Tukasukuma mashine tukiwa watatu, klachi ikiwa kwenye kuachia, na mikanda ikatembea kama vile hakuna klachi kabisa. Alitazama mikanda, akamtazama mtoto, akakaa chini kwenye tuta.

Nati ilikazwa mizunguko miwili kasoro. Tulitumia spana moja na kama robo saa. Tukaisukuma tena, mikanda ikatulia.

Kesho asubuhi, kabla hujawasha yako, isukume kwanza. Ukiona mikanda inatembea na hujui la kufanya, iache nyumbani unitafute ofisi ya kata au siku ya mnada. Nitakuja, na safari hii sitakuambia umalizie.